Marguerite Renoir, Mhariri Aliyemalizia Kazi za Wengine

Mwaka 1946 ilionyeshwa Paris filamu fupi ya dakika kama 40, Partie de campagne, na mwongozaji wake hakuwepo ilipokamilishwa. Jean Renoir aliipiga picha kando ya mto Loing kiangazi cha 1936. Mvua zikamtibulia ratiba, akaondoka kwenda kwenye filamu nyingine kabla hajamaliza. Vita vikaja, naye akahamia Marekani. Nakala ya kazi, ile inayotumika kuhariri, ilipotea Wajerumani walipokuwa wameikalia Ufaransa, lakini negativu, yaani utepe wa asili uliotoka kwenye kamera, zilisalimika, na mtayarishaji Pierre Braunberger akamkabidhi Marguerite Renoir jukumu la kuziunga. Sehemu ambazo hazikupigwa picha zikazibwa kwa maandishi machache kwenye skrini. Na mvua ile? Imo ndani, inapiga juu ya mto mara baada ya wapenzi kukumbatiana, na hadi leo wengi hudhani ilipangwa tangu mwanzo.

Jina la Marguerite huwachanganya watu. Alizaliwa Marguerite Houllé mwaka 1906. Aliishi na Renoir miaka ya 1930 bila ndoa, akatumia jina la Renoir, na hata walipoachana aliendelea kulitumia kazini. Alihariri karibu filamu zote kubwa za Renoir za muongo huo, zikiwemo La Grande Illusion ya 1937 na La Règle du jeu ya 1939.

Mwanamke kushika mkasi wa filamu Ufaransa halikuwa jambo geni. Karakana za kampuni ya filamu ya Pathé kule Vincennes, karibu na Paris, zilikuwa zimeajiri wanawake wengi wa kupaka filamu rangi, na kuunga vipande kulihesabiwa kazi ya mikono myepesi. Wakubwa walikosea hesabu, maana ndani ya kazi hiyo “nyepesi” ndimo filamu ilimopata mwendo wake.

Tena haikuwa nyepesi. Mhariri alikata utepe, akakwangua tabaka la picha kwenye ukingo, akapaka gundi na kubana vipande viwili pamoja. Kila kiungo kilimeza picha, na sekunde moja ina picha 24. Akibadili mawazo na kukirudisha kipande, ilimbidi apachike filamu nyeusi pale palipoliwa, la sivyo sauti, iliyokuwa kwenye utepe wake wa pembeni, ingeachana na midomo ya wachezaji. Kwa sisi tunaofundisha vijana waliozoea kutengua kosa kwa kubonyeza kitufe, hapa ndipo darasa huwa kimya.

Katika La Règle du jeu kamera huzunguka na watu kwa muda mrefu bila kukatwa. Halafu linakuja onyesho la uwindaji: sungura, ndege wa kuwindwa, bunduki, picha fupifupi zinazofuatana kwa kasi. Ukali wake unatokana na utulivu uliolitangulia.

Baadaye alifanya kazi sana na Jacques Becker, aliyewahi kuwa msaidizi wa Renoir. Mimi naona hapa ndipo ustadi wake ulipokomaa. Katika Touchez pas au grisbi ya 1954, filamu ya majambazi, mwigizaji Jean Gabin na mwenzake wanakula mkate mkavu na nyama ya kusaga, wanavaa nguo za kulalia, wanapiga mswaki. Mtayarishaji mwenye haraka angelitupa onyesho hilo lote. Limeachwa lipumue, na kwa sababu hiyo urafiki wao unakuwa na uzito risasi zinapoanza.

Le Trou, filamu nyingine ya Becker, kuhusu wafungwa wanaochimba njia ya kutoroka gereza la La Santé, ilienda mbali zaidi. Sakafu ya zege inapigwa kwa kipande cha chuma dakika kadhaa mfululizo bila kukatwa, hadi mtazamaji mwenyewe anahisi mikono kuuma. Marguerite aliihariri pamoja na Geneviève Vaury. Becker alifariki Februari 1960, wiki chache kabla ya filamu kuanza kuonyeshwa mwezi Machi.