Si kila aliyekuwa IGP ni IGP mstaafu

Mstaafu ni mtu aliyemaliza utumishi wake, kwa umri au kwa ruhusa, akaondoka na haki zake. Hapo hatuna ugomvi. Ugomvi unaanza pale Mkuu mpya wa Jeshi la Polisi, yaani IGP (Inspekta Jenerali wa Polisi), anapoteuliwa asubuhi, na kabla jua halijazama yule aliyempisha kiti ameshabatizwa "IGP mstaafu".

Tuchukue Tanzania. Said Mwema aliongoza Jeshi la Polisi tangu 2006, akastaafu mwishoni mwa 2013 na Ernest Mangu akashika nafasi yake. Mwita Mwema mstaafu, hakuna wa kubisha. Lakini Julai 2022, Camillus Wambura alipoteuliwa kuwa IGP, taarifa ileile ilisema Simon Sirro anakwenda kuwa balozi Zimbabwe. Mtu ana uteuzi mpya mkononi, wino haujakauka, nawe umeshampa ustaafu! Siku yake ikifika atastaafu, na neno litamkaa vizuri. Siku ile alikuwa "aliyekuwa IGP", basi.

Neno lenyewe lina hadithi tamu. Limetoka katika Kiarabu, *istaafa*, yaani kuomba kusamehewa jukumu, kuomba kuachiliwa. Mzizi wake ndio uliozaa pia "afya" na "afua". Kwa hiyo asili yake ni mtu kuinua mkono na kusema: nimechoka, nipumzisheni. Kiswahili kikalipeleka kwenye umri na kiinua mgongo, na hiyo ni haki yake, maneno huhama. Lakini hata baada ya kuhama, halijawahi kumaanisha kuondolewa. Kwa kazi hiyo tuna "uzulu", nalo la Kiarabu, lenye maana ya kumwondoa mtu kwenye cheo. Ukijiondoa mwenyewe, umejiuzulu. Na siku hizi tuna "kutengua uteuzi", kitenzi ambacho zamani kilitosha kwa nyonga na viungo vilivyoachana, sasa kinatosha kwa wakubwa.

Kenya wanatupa mfano mzuri zaidi. Desemba 2014, baada ya mauaji ya Mandera, Inspekta Jenerali David Kimaiyo aliomba kustaafu mapema na Rais akakubali. Watu wengi waliona ni kujiuzulu kwa jina la adabu. Huenda. Lakini aliomba kuachiliwa, na kwa mzizi wa neno, hakuna mstaafu aliyekamilika kumzidi. Julai 2024, katikati ya maandamano ya vijana, Japhet Koome alijiuzulu, na ndivyo ilivyotangazwa: kujiuzulu. Wakuu wawili wa polisi, milango miwili tofauti, ingawa nje ya nyumba kulikuwa na kelele zilezile.

Najua mazoea haya yanatoka wapi. "Rais mstaafu" limetuzoesha kuona mstaafu kama neno la heshima, kama "mzee". Kumwita mtu "aliyekuwa" kunasikika kama kumvua nguo. Ni adabu yetu, siilaumu.

Ila ndugu zangu, mkiandika habari, ulizeni kwanza aliondokaje. Kama hamjajua, andikeni "aliyekuwa IGP" na mmuache amalize utumishi wake.