Hivi kwa nini mkia wa ng'ombe ukipikwa pole pole unakuwa laini kuliko steki?

Mwaka jana tulikuwa Tanga kwa shangazi, akabandika mkia wa ng'ombe kwenye jiko la mkaa baada ya adhuhuri na tukaja kuula baada ya isha kwa mikate ya maji, na yaani ile nyama ukiigusa tu inaachia mfupa, mchuzi mzito unanata midomoni. Mpaka leo naikumbuka ile sufuria. Sasa mkia bucha wanaukata kwa shoka, ulaini wote ule unatoka wapi?

Unatoka kwenye zile kano na utando mweupe unaoshika nyama. Humo kuna protini inaitwa kolajeni, na sehemu za ng'ombe zinazofanya kazi sana, mkia, muundi, shingo, ndo zinayo nyingi. Ikikaa kwenye joto la nyuzi 70 hivi na kuendelea, tena kwa masaa, inalegea na kugeuka jelatini. Hiyo ndo inanata midomoni, na ndo maana supu ya makongoro ikilala kwenye friji asubuhi unaikuta imeganda inatikisika. Steki ina kolajeni kidogo sana, ukiichemsha masaa matatu nyuzinyuzi za nyama yake zinajikunja zinakamua maji yote inabaki kavu. Mkia nao maji unatoa, ila jelatini inazilainisha zile nyuzinyuzi.

Wenye haraka wanaongeza moto, kumbe maji yakishachemka joto halipandi tena, pwani ni nyuzi 100 basi, unakausha mchuzi bure. Nairobi iko juu karibu mita 1,700, maji yanachemka kwenye 94 hivi, kwa hiyo nyama ileile inachukua muda zaidi kuliko Mombasa. Presha kuka inabana mvuke joto linafika karibu 120, inaokoa muda kweli, ila mimi kwa mkia siipendi, huwezi kufunua ukaonja ukaongeza ndimu.

Na kitu kimoja watu wanakiruka, shangazi alivikaanga vipande kwanza mpaka vikawa na rangi ya kahawia. Ile rangi na harufu yake inataka joto la nyuzi 140 kwenda juu, kwenye maji haitokei hata uchemshe mpaka kesho.

Kujua umeiva hakuangalia saa hata mara moja, alishika mfupa akauzungusha, ulipozunguka wenyewe ndani ya nyama akaepua.