Sio kila anayeelea Naivasha ni bata

Kila Januari tukishuka Ziwa Naivasha kuhesabu ndege wa maji, kuna kitu hutokea kwenye boti karibu kila mwaka. Mgeni mmoja anapaza sauti "bata wengi pale!" na ukiinua darubini unakuta kundi zima la kukuziwa limejaa kando ya mafunjo, bata hata mmoja hakuna. Kukuziwa ni mweusi tii, ana kibandiko cheupe kwenye paji la uso, na msimu wa kuzaa anaota vinundu viwili vyekundu juu yake. Mdomo wake umechongoka kama wa kuku na vidole vya miguu vina vipande vipana kama majani, havijaunganishwa na ngozi kama vya bata. Anazama, ndio, lakini anaanza na karuko kadogo halafu anaibuka na majani mdomoni, kwa hiyo hata uzamaji wake unaweza kuujua ukiwa mbali.

Hii hesabu wanaifanya Makumbusho ya Taifa, Nature Kenya, KWS (shirika la wanyamapori la Kenya) na watu wa kujitolea, na matokeo yanaingia kwenye hesabu ya dunia nzima inayosimamiwa na Wetlands International ambayo ilianza 1967. Sasa ukiandika bata mahali pa kukuziwa hilo kosa halibaki Naivasha, ndio maana naomba tujifunze pamoja.

Watu wengi huanza na rangi, na rangi ndio inadanganya kuliko yote. Jua la asubuhi likiwa mbele yako kila ndege ni mweusi. Halafu bata wanaotoka Ulaya na Urusi wakifika hapa Oktoba madume wengi bado wako kwenye manyoya ya kahawia, wanafanana na majike kabisa, unaweza kukaa saa nzima na kitabu na usipate kitu. Mimi huwaambia vijana wangu wasahau rangi kwanza, waangalie vile ndege amekaa majini, vile anaenda chini, na vile anaruka.

Bata wasiozama, kwa mfano yule wa kijivu mwenye mdomo wa njano mnayemwona hata kwenye mabwawa ya mashamba, hukaa juu ya maji kama chupa tupu, mkia umeinuka. Akitaka kula anainamisha kichwa na sehemu ya nyuma inabaki hewani. Ukimshtua anaruka juu moja kwa moja, pale pale alipo. Mzamaji ni tofauti sana kwa sababu miguu yake iko nyuma kabisa karibu na mkia, kama propela ya boti, inamsukuma vizuri akiwa chini lakini nchi kavu anatembea kwa shida, na akitaka kuruka lazima akimbie juu ya maji mita kadhaa huku akipiga mabawa ndio anyanyuke. Ukiona huo mkimbio ushajua uko na kundi gani. Na akielea anakaa chini, maji yanakaribia mgongo.

Kibisi ndiye mdogo wa wote, kama sentimita 27 hivi, mviringo, anakaa kama hana mkia kabisa. Anapotea bila hata kiwimbi na kuibuka mbali na pale ulipotegemea. Watu humwita kifaranga cha bata, hapana, huyo ni mtu mzima, na ana vifaranga vyake ambavyo huvibeba mgongoni, ukiangalia vizuri utaona kichwa chenye mistari kinachungulia kati ya mabawa.

Mnandi na mbizi huchanganywa sana, hasa wakiwa wamekaa kwenye ile migunga iliyokufa baada ya ziwa kupanda, wote wamefungua mabawa kukausha. Manyoya yao hulowa maji na hilo huwasaidia kuzama, lakini baadaye lazima waanike. Angalia mdomo. Wa mnandi una ndoano kwenye ncha, anamkamata samaki kwa kumbana. Wa mbizi umenyooka kama mkuki na kweli anamchoma samaki nao, akiibuka anamrusha juu na kumeza kichwa kwanza. Mbizi akiogelea mwili wote unaweza kuwa chini, inabaki shingo peke yake, watoto wa pale huona nyoka na siwalaumu.

Tukirudi kwa bata wa kweli wanaozama, wako wachache. Kuna pochadi wa kusini, dume ni mweusi wa kahawia na jicho jekundu, jike ana kama mwezi mchanga mweupe upande wa uso, na wakiruka wote wawili wanaonyesha mstari mweupe kwenye bawa. Kuna bata mgongo mweupe, huyu ana doa jeupe chini ya mdomo na mgongo umepinda kama nundu, anapenda sehemu zenye yungiyungi, anaweza kukaa chini nusu dakika, na huo weupe wa mgongo hutauona mpaka aruke.

Halafu kuna makoa. Huyu ndiye ninayemtafuta kila mwaka. Ni mfupi, mnene, dume wakati wa kuzaa ana mdomo wa bluu iliyokolea, kichwa cheusi na mwili wa kahawia nyekundu, na ana mkia mgumu ambao mara nyingi anausimamisha. Anaishi Afrika peke yake, Mashariki na Kusini, na yuko kwenye orodha ya ndege walio hatarini kutoweka. Chakula chake kinatoka kwenye matope ya chini, kwa hiyo kila sumu inayotiririka ziwani na kukaa kwenye matope inamfikia, na nyavu za samaki humnasa akiwa chini akafa maji bila mtu kujua. Ndugu zangu wavuvi, mkimkuta kwenye wavu bado mzima mfungueni taratibu, ana nguvu ya kuishi.

Wakati wa kuhesabu wazamaji usihesabu mara moja ukaondoka, kuna walio chini. Rudia mara tatu, uchukue namba kubwa kuliko zote. Na ukimwona yeyote mwenye mkia umesimama kama kijiti andika tarehe, saa na upande wa ziwa, upige picha kwa simu hata kama ni kupitia darubini, uilete makumbusho pale Nairobi. Hata ikiwa na ukungu tutaifanyia kazi, mradi mkia uonekane.