Kwa nini kashata huganda bila oveni, na kwa nini Mbeya haifuati vipimo vya kitabu?

Maji ya Mbeya mjini huchemka yakifika nyuzi joto 94 hivi, si 100. Mji uko mita 1,700 hivi juu ya usawa wa bahari, na kadiri unavyopanda ndivyo mgandamizo wa hewa unavyopungua; kila mita 300 zinaondoa nyuzi moja. Ndiyo maana maharage ya Njombe yanakula kuni. Ndiyo maana pia mtu anayepika kashata za Krismasi kwa kipimajoto, huku akifuata kitabu kilichoandikiwa watu wa pwani, anaishia na sinia la mawe.

Swali lenyewe ni hili: kitu ambacho hakijapita kwenye oveni kinawezaje kusimama, kikakatwa kwa kisu na kupangwa kwenye sahani ya wageni? Keki husimama kwa sababu joto limekaza yai na unga. Kashata, gogo la biskuti na ubuyu wa sukari havina msaada huo. Vyenyewe hushika kwa njia mbili tu: ama sukari imepoteza maji yake, ama mafuta yamepoa yakaganda. Nyanda za Juu Kusini zinakusaidia sana kwenye njia ya pili, na zinakutega kwenye ya kwanza.

Kipimajoto kinapima maji yaliyobaki

Ukichemsha sukari na maji, kinachotoka na mvuke ni maji peke yake. Shira inazidi kuwa nzito, na ikizidi kuwa nzito, joto lake la kuchemka nalo linapanda. Kwa hiyo namba unayoisoma inakuambia maji kiasi gani yamebaki sufuriani. Pwani, shira ikifika nyuzi 115 hivi, sukari imeshakuwa karibu asilimia 85. Tone lake kwenye maji baridi linafanya kidonge laini unachoweza kukibonyeza. Ikifika 150, maji yaliyobaki ni kama asilimia moja, na tone likishapoa linavunjika kwa mlio.

Mbeya hatua hizo hizo zinafika mapema, kwenye 109 na 144. Iringa mjini toa nyuzi 5, Njombe toa 6 na kidogo, Kyela karibu na ziwa toa moja na nusu. Hakuna haja ya kukariri. Chemsha maji matupu, tumbukiza kipimajoto chako bila kugusa kitako cha sufuria, soma namba. Kilichopungua kufika 100 ndicho unachopunguza kwenye kila namba ya kitabu. Kosa hili linaumiza zaidi vitu laini kama tofi za maziwa: 115 ya kitabu ukiifikisha Mbeya umeshapika kama 121 ya pwani, na tofi iliyotakiwa kuyeyuka mdomoni inang'ang'ania meno.

Wengi hawana kipimajoto, na hawakosi kitu. Bakuli la maji baridi halijali uko mita ngapi. Epua sufuria kwanza, maana ukiiacha motoni shira inaendelea kupikika wakati wewe unachunguza. Dondosha nusu kijiko cha chai kwenye maji, subiri sekunde kumi, kisha kiokote kwa vidole. Kikitawanyika, bado. Kikikusanyika na kunyumbulika, hiyo ni ya tofi. Kikiwa nyuzi ngumu zinazopinda kidogo kabla ya kukatika, umekaribia. Zikikatika papo hapo bila kupinda, hiyo ndiyo ya kashata za karanga.

Kashata za karanga

Karanga nusu kilo, sukari gramu 400 (vikombe viwili vya mililita 250), maji nusu kikombe, maji ya limao nusu kijiko cha chai, chumvi robo kijiko cha chai, iliki ukipenda. Zinatoka vipande 35 hivi.

Chambua karanga kabla ya kuzikaanga. Zilizosinyaa, zilizobadilika rangi au zenye ukungu zitupe. Sumukuvu, yaani sumu ya ukungu, haiondoki kwa kukaanga, na utamu wa sukari unaficha uchungu ambao ungekuonya. Kaanga kwa moto mdogo hadi ganda jembamba litoke kwa kusugua, pepeta kwa ungo, kisha zirudishe kando ya jiko zibaki na uvuguvugu. Hili watu hulipuuza. Karanga za baridi, kwenye asubuhi ya baridi ya Uyole, zinanyonya joto la shira kwa ghafla. Inaganda kabla hujamaliza kuchanganya, na unapata bonge upande mmoja na karanga kavu upande wa pili.

Weka sukari, maji na limao kwenye sufuria nzito, moto wa wastani. Koroga mpaka sukari iyeyuke yote, halafu toa mwiko. Kuanzia hapo, usikoroge. Chovya brashi au kitambaa safi kwenye maji, pangusa chembe zilizoganda kwenye kuta za sufuria. Dakika 12 hadi 15 baadaye mapovu yatakuwa makubwa, mazito, yanapasuka polepole. Anza kupima kwenye maji baridi. Ikikubali, mwaga karanga na chumvi, geuza upesi, na umimine kwenye sinia lililopakwa mafuta. Sambaza kwa unene wa sentimita moja na nusu. Kisu kipakwe mafuta pia. Mbeya una dakika tatu au nne za kukata. Ikishapoa kabisa haikatiki, inapasuka inakotaka yenyewe.

Sinia likiwekwa juu ya sakafu ya saruji linapoa haraka mno. Litandikie taulo nene chini. Na watoto wakae mbali: shira ya nyuzi 140 na kitu inaganda juu ya ngozi na kuendelea kuunguza, kwa hiyo ndoo ya maji baridi ikae karibu.

Kwa nini usikoroge? Chembe moja ya sukari ambayo haikuyeyuka inatosha kuwaita wenzake. Molekuli za sukari hujipanga juu yake, mwiko unazigonganisha, na ghafla sufuria nzima inageuka mchanga mweupe. Limao linazuia hilo: asidi yake huvunja sehemu ya sukari kuwa glukosi na fruktosi, na hizo mbili zinavuruga mpangilio. Lakini usizidishe. Fruktosi inapenda maji kuliko sukari ya kawaida, na kashata yenye limao jingi au asali nyingi inavuta unyevu wa hewani mpaka inatoka jasho. Desemba ni mvua tupu huku kwetu. Ukitaka ladha ya asali ya Iringa, vijiko viwili vya chakula kwa kipimo hiki, si zaidi.

Ikishageuka mchanga, usiitupe. Kama karanga bado hujaweka, ongeza robo kikombe cha maji, rudisha kwenye moto mdogo mpaka iyeyuke, uanze upya. Ikiwa inanata baada ya kupoa, maji yalibaki mengi. Hiyo haitaganda hata ukiiweka kwenye friji wiki nzima, na friji yenyewe itaiongezea unyevu. Kashata zilizokamilika ziwekwe siku ile ile kwenye kopo lenye mfuniko unaobana, zikishapoa kabisa, kila safu na karatasi yake.

Gogo la biskuti, na zawadi ya baridi

Hapa nyanda za juu zinalipa deni. Siagi huyeyuka kwenye nyuzi 32 hadi 35, na mafuta ya nazi kwenye nyuzi 24 hivi. Dar es Salaam chupa ya mafuta ya nazi inabaki maji karibu mwaka mzima. Mbeya, Makete na Njombe inaamka imeganda nyeupe, na kuna wanaodhani imeharibika. Haijaharibika. Inakuonyesha kwamba stoo yako usiku inafanya kazi ambayo mtu wa pwani anailipia umeme.

Biskuti za chai za kawaida gramu 250, siagi gramu 120, sukari gramu 80, kakao vijiko vinne vya chakula vilivyosawazishwa, maziwa mililita 80, na kiganja cha karanga zilizokaangwa. Kakao iwe tupu. Ile ya kunywa, ya kopo lenye utamu wake, sehemu kubwa ni sukari, na gogo linatoka tamu, la rangi hafifu, na legelege. Mashamba ya kakao yako Kyela, mteremko mmoja tu kutoka Tukuyu, ila mbegu nyingi husafirishwa nje. Unga wenyewe utaupata dukani.

Vunja biskuti kwa mkono, vipande vya ukubwa wa kucha ya dole gumba. Ukizitwanga zikawa unga wote, zinanyonya maziwa kwa mkupuo na kukupa kitu kama ugali wa chokoleti. Chemsha maziwa, sukari na kakao pamoja dakika mbili huku ukikoroga, maana kakao ina wanga unaohitaji joto ili uvimbe na kushika maji. Epua. Weka siagi, iyeyuke kwa joto lililobaki. Subiri mpaka kidole kiweze kukaa humo bila kuungua, ndipo umwagie biskuti na karanga. Ukimwaga ya moto sana, biskuti zinalowa na kupoteza mkatiko wake.

Mafuta yakijitenga na kuelea juu, usiongeze kakao. Ongeza kijiko cha maziwa ya vuguvugu na upige kwa nguvu, yatarudi. Viringisha mchanganyiko kwenye karatasi isiyopitisha mafuta, gogo la unene wa sentimita tano (jina linalowafaa watu wa Mafinga, mji wa mbao), kaza ncha zote mbili, na uliweke mahali penye baridi usiku kucha. Masaa mawili hayatoshi. Siagi inahitaji muda wa kuganda, na biskuti nazo zinahitaji muda wa kunywa unyevu wa ziada. Kata asubuhi kwa kisu cha moto kilichopanguswa.

Majarini laini ya kupaka mkate haifai vizuri: imetengenezwa ibaki laini hata kwenye ubaridi, na nyingi zina maji zaidi. Mafuta ya nazi yanafaa, ila siagi ina maji karibu asilimia 16, kwa hiyo badala ya gramu 120 weka 100, na ongeza kijiko kimoja cha maziwa. Mapishi yanayodai yai bichi yaache. Gogo halilihitaji, na halipikwi baadaye likaua vijidudu.

Gogo halisafiri. Aliyepanda basi kutoka Mbeya kwenda Kyela na zawadi hii atafika na kitu cha kula kwa kijiko. Vivyo hivyo ukishashuka mteremko wa Kitonga kuelekea pwani. Wa kuwapelekea ndugu wa bondeni ni kashata, au ubuyu.

Ubuyu, ambao unataka kukorogwa

Mibuyu haipendi baridi ya Mbeya. Ubuyu hupanda huku kutoka mabondeni, kama kule Ruaha Mbuyuni chini ya Kitonga. Kanuni ya kashata hapa inageuzwa kichwa chini. Kwenye ubuyu unataka sukari irudi kuwa chembe, ijikunje kavu juu ya kila kokwa.

Kwa ubuyu kilo moja: sukari nusu kilo, maji kikombe kimoja, chumvi na pilipili ya unga nusu kijiko cha chai kila kimoja, iliki, rangi nyekundu ya chakula. Chekecha ubuyu kwanza, ule unga unaodondoka uweke kando. Chemsha shira, bila limao, mpaka tone lililopoa ukilivuta kati ya vidole viwili litoe uzi. Mbeya ni kama nyuzi 104. Epua, tia rangi na viungo, kisha ubuyu, na uanze kugeuza bila kupumzika. Kwa dakika chache utang'aa na kunata, na hapo wengi hukata tamaa. Endelea. Ghafla mng'aro unafifia, kokwa zinaanza kuachana: chembe zimejipanga.

Usiurudishe motoni ukidhani utakauka zaidi. Ubuyu una asidi yake, na ukichemka ndani ya shira unafanya kazi ile ile ya limao. Sukari iliyovunjika haijipangi tena, na ubuyu unabaki kunata hadi Mwaka Mpya. Ukikataa kukauka, nyunyizia ule unga uliouchekecha, kijiko kimoja kimoja, huku ukigeuza, kisha utandaze kwenye sinia usiku mmoja ndani ya nyumba, mbali na mvuke wa jikoni.