Ghorofa lililo "mlangoni" kwa mkulima: kamera inapima umbali?

Wengi huamini kwamba filamu ya hali halisi huonyesha mambo jinsi yalivyo. Ukiona ghorofa limesimama juu ya paa la mkulima, basi jiji limeshafika shambani. Picha hiyo si ya kughushi, ila umbali unaoonekana humo hutegemea kamera ilisimama wapi.

Chukua nyumba yenye kimo cha mita 3, na ghorofa la mita 60 lililo kilomita 2 nyuma yake. Ukipiga picha ukiwa mita 20 kutoka kwenye nyumba, nyumba itaonekana ndefu mara 5 kuliko ghorofa. Rudi nyuma hadi mita 300, uvute kwa lenzi ndefu, yaani ile ya kukuza vitu vya mbali: sasa ghorofa ndilo refu, zaidi ya mara 2 na nusu, na hakuna kilichosogezwa.

Jaribu kwa simu. Msimamishe mwenzako mbele ya mnara wa mbali, mpige picha kwa karibu, kisha rudi hatua 50 na uvute mpaka atoshee kama mwanzo. Mnara utakuwa umemkaribia.

Kwenye filamu, angalia mtu anayekuja kuelekea kamera: akitembea hatua nyingi bila kukua, na hewa ikitetemeka kwa joto, lenzi ni ndefu. Ukijua jina la kijiji, pima umbali kwenye ramani ya setilaiti. Binafsi naiamini zaidi filamu inayotuonyesha pia eneo zima kutoka juu, maana hapo ndipo mtazamaji huona mashamba yaliyobaki katikati.