Utani wa muswada "mzuri na mpya" si wa Samuel Johnson

Ujumbe huu hauishi kuzunguka kwenye makundi ya WhatsApp: eti Samuel Johnson, mwandishi Mwingereza wa karne ya 18, alimwambia mtunzi fulani kwamba muswada wake ni mzuri na una mapya, ila palipo pazuri si papya, na palipo papya si pazuri. Unachekesha, nakiri. Lakini maneno hayo hayajapatikana katika maandishi yake wala katika mazungumzo yake yaliyonukuliwa.

Kinachowachanganya watu ni kwamba Johnson kweli alikuwa na ulimi mkali, na kweli maneno yake yalihifadhiwa. Rafiki yake James Boswell, aliyekutana naye mwaka 1763, alikuwa na mazoea ya kuandika waliyozungumza. Wasifu aliouchapisha mwaka 1791, miaka saba baada ya Johnson kufariki, umejaa soga hizo, nyingi zikiwa na tarehe. Humo ndimo ulimo ule usemi kwamba aliyechoshwa na London amechoshwa na maisha: ni wa tarehe 20 Septemba 1777. Basi kila kauli kali isiyo na mwenyewe hutwikwa yeye, kama sisi tunavyowatwika wahenga.

Kuhakiki si kazi. Wasifu huo unasomwa bure mtandaoni. Tafuta maneno ya nukuu ndani yake, kwa Kiingereza. Nukuu isiyotaja kitabu wala tarehe, tafadhali usiisambaze. Anayetaka makali yake halisi asome shairi lake "London", la mwaka 1738.