Ulimwengu wa Gödel, ambamo jana haijapita

Kila ninapofundisha nadharia ya uhusianifu, yaani maelezo ya Einstein kuhusu wakati na uvutano, hapa Kampala, hufika siku ambayo mwanafunzi mmoja huinua mkono na kuuliza, "Mwalimu, mtu anaweza kurudi jana?" Huanza kumjibu kwa kumweleza ulimwengu usiokuwepo. Ulibuniwa mwaka 1949 na Kurt Gödel, mwanamantiki aliyekuwa akifanya kazi Princeton, Marekani, mwaka ambao rafiki yake Albert Einstein alitimiza miaka 70. Gödel hakuubuni kama watunzi wa ngano wanavyobuni nchi za majini. Aliupata kwa kutatua milinganyo ya Einstein mwenyewe, kwa hiyo kila kilichomo kinatii sheria zile zile za uvutano tunazozitii sisi.

Katika ulimwengu huo maada imetandazwa sawasawa kila mahali, haitawanyiki kama yetu, na yote inazunguka. Inazunguka ukilinganisha na nini, ikiwa hakuna kitu nje yake? Chukua pia, ile ya watoto ya kuchezea, uizungushe mahali ambapo hakuna kinachoigusa: mhimili wake utabaki umeelekea upande mmoja. Mkazi wa ulimwengu wa Gödel mwenye pia kadhaa za namna hiyo angeona, akizilinganisha na anga, kwamba galaksi za mbali zinamzunguka, tena polepole mno: kwa makadirio ya wakati ule kuhusu wingi wa maada, mzunguko mmoja ungechukua takriban miaka bilioni 200.

Wanaosafiri kwenda Masaka wanaijua Kayabwe, ambako barabara inavuka Ikweta na wageni huonyeshwa maji yakizunguka huku katika beseni moja na kule katika jingine. Maji ya beseni hayausikii mzunguko wa Dunia. Yanafuata mkono ulioyamimina, ingawa onyesho lenyewe linafurahisha nami nimewahi kulilipia. Kifaa kinachosema kweli ni uzito unaobembea kwenye kamba ndefu, kama ule ambao mwanafizikia Léon Foucault aliutundika Paris mwaka 1851. Kwenye ncha ya Dunia, mstari wa kubembea kwake hugeuka duara zima kwa siku moja hivi, lakini Kayabwe usingegeuka kabisa. Ulimwengu wa Gödel hauna Kayabwe: kila mahali ni kama kwenye ncha, na kila mkazi ana haki ya kudai kwamba yeye ndiye aliye kwenye mhimili.

Mzunguko huo ndio unaoupinda wakati. Nuru inayotoka katika tukio lolote huweka mpaka wa kule unakoweza kufika baadaye, na mpaka huo wanafizikia huuita koni ya nuru. Kadiri unavyokwenda mbali na mhimili, koni hizo huzidi kuinama na kupanuka kuelekea upande wa mzunguko, hata ukafika umbali ambapo msafiri anaweza kuzunguka duara kubwa, saa yake ya mkononi ikienda mbele muda wote, bila kuishinda nuru mbio mahali popote, na hatimaye akajikuta katika tukio lile lile aliloondokea, au kabla yake. Kwa safari hiyo lazima afikie walau asilimia 71 ya mwendo wa nuru. Gödel alikadiria hata mafuta: kama kila gramu ingegeuzwa yote kuwa nishati, safari ya miaka 10 kwa saa ya msafiri ingehitaji mafuta yenye uzito wa chombo mara 1 yenye sifuri 20 mbele yake. Ukifikiria hivyo, bei ya petroli ya Kampala ni sadaka.

Mwaka 1961 mwanafizikia Subrahmanyan Chandrasekhar na mwenzake James Wright waliandika kwamba Gödel amekosea, kwa kuwa chombo kinachoelea chenyewe bila injini hakirudi jana hata katika ulimwengu huo. Hilo ni kweli, lakini Gödel hakuwahi kudai vinginevyo. Msafiri wake alikuwa na injini, na mwaka 1970 mwanafalsafa Howard Stein alilibainisha jambo hilo. Kwa hiyo hisabati haina ugomvi tena. Ugomvi uliobaki unahusu maana yake.

Gödel hakujali sana safari. Alichokiona ni kwamba katika ulimwengu wake huwezi kuyapanga matukio yote kwa zamu, yaliyopita huku, ya sasa hapa, yajayo kule, kwa mpangilio mmoja unaomfaa kila mtu. Hata hivyo wakazi wake wangeweza kuhisi siku zikipita kama tunavyohisi sisi. Sheria ni zile zile, na tofauti ni jinsi maada ilivyopangwa na inavyokwenda. Basi, alisema, kama kupita kwa wakati kunategemea mpangilio wa maada tu, hakuwezi kuwa sifa ya msingi, na hisia zetu si ushahidi.

Ulimwengu wetu unatanuka, na utanukaji huo unatupatia saa ya pamoja, ile tunayoitumia tukisema kwamba umri wake ni miaka bilioni 13.8. Vipimo vya mnururisho wa kale uliojaa angani havijaonyesha kwamba ulimwengu wetu unazunguka. Einstein alimjibu Gödel kwa heshima kwamba lazima tuulize kama miulimwengu ya namna hiyo haikataliwi na fizikia yenyewe, na mwaka 1992 mwanafizikia Stephen Hawking alipendekeza kwamba sheria za maumbile huzuia mizunguko ya wakati, yaani njia za kurudi jana. Pendekezo hilo halijathibitishwa.

Mimi huwaambia wanafunzi waitazame saa yetu ya Kiswahili. Saa huanza kuhesabiwa jua linapochomoza, na saa kumi na mbili baadaye ni machweo, na Uganda hesabu hiyo haikosei sana mwaka mzima. Mtu asiyewahi kutoka hapa angeweza kuapa kwamba mchana wa saa kumi na mbili ni sheria ya jua, mpaka asikie kwamba Tromsø, Norwei, kuna takriban miezi miwili ambayo jua halizami. Hapo Gödel anashinda: alichodhani mtu huyo ni sheria kilikuwa ni mahali anapoishi. Lakini Gödel akiendelea kusema kwamba kwa hiyo machweo ya Kampala ni njozi, hapo mimi humwacha, maana giza likishaingia hapa limeingia kweli, hata kama kule Tromsø watu bado wanaanika nguo.